Safu ya Tabaka

Juni 9

Mvua haijafika. Daktari amesema mtu wa miaka themanini na minne aandike kila siku ili akili isilale. Nimemjibu kuwa akili yangu haijalala tangu mwaka 1962, nilipokabidhiwa shule ya Nandurwadi. Hata hivyo nimenunua daftari hili. Karatasi yake ni nyepesi mno.

Juni 13

Mawingu yalikuja, yakaenda.

Juni 17

Leo nimepata mgeni. Ni Bwana Umbarkar, afisa wa upelelezi wa kamati inayohakiki vyeti vya tabaka na kabila vya waajiriwa wa serikali. Ameingia na kifurushi cha kitambaa chekundu. Alipokifungua nilisimama bila kutaka: ilikuwa rejista kuu ya shule yangu. Sikuwa nimeiona tangu nilipostaafu.

"Guruji, huu mwandiko ni wako?"

"Ni wa nani mwingine?"

"Lo! Siku hizi hata kompyuta haiandiki hivi." Alipitisha kidole kwenye safu ya sita, ile ya dini na tabaka. "Na kila ulichokiandika humu ni kweli?"

"Kijana, nimeishika rejista hii miaka thelathini na minne. Hakuna kufuta, hakuna doa la wino, hakuna uongo."

"Basi nisaidie, nitaandika hivyo hivyo, wewe utie saini tu."

Aliandika. Nilimsahihisha makosa mawili ya uandishi, kisha nikatia saini. Kunda, mke wa mwanangu, akatuletea chai. Wakati wa kukifunga kile kitambaa, Umbarkar alisema kwa furaha ya mtu aliyemaliza kazi, "Umetupunguzia safari, Guruji. Kuna nesi kapata kazi kwenye nafasi iliyotengewa makabila yaliyobaguliwa. Anasema yeye ni Mpardhi. Kumbe babu yake humu umemwandika Mmaratha. Watu wanapenda njia za mkato!"

Nikauliza jina.

"Babu? Namba arobaini na saba, mwaka 1963. Subhash Kale."

Kunda ameniuliza kwa nini sikula mchana.

Juni 18

Hakuna mvua. Sikula.

Juni 20

Niliandike jambo hili kama lilivyokuwa.

Mwaka 1963 Wapardhi, kabila la wawindaji, walikuwa na vibanda vyao ng'ambo ya kijito. Waingereza waliwaandika katika orodha ya makabila ya wahalifu. Serikali yetu ilikuwa imeifuta orodha hiyo, lakini askari hawakuifuta vichwani mwao. Kuku akipotea Nandurwadi, askari walivuka kijito. Gunia la nafaka likipungua, walivuka kijito. Waliokamatwa walirudi wakichechemea, na wengine hawakurudi.

Baba yake Subhash alikuja shuleni saa za mchana, mtego wa kwale ukining'inia begani, na mtoto wa miaka saba nyuma yake. Hakuingia. Alikaa chini nje ya mlango, akanishika mguu.

"Guruji, mwandike mahali pa watu."

"Wewe si mtu?"

"Usinifanyie mzaha. Wewe unajua tunavyoandikwa."

Mtoto aliitwa Suparya, jina la kwao. Ukoo wao ni Kale, na Kale wapo pia miongoni mwa Wamaratha, tabaka la wenye mashamba. Nilikuwa na miaka ishirini na mitatu na niliamini kalamu inaweza kumtoa mtu shimoni. Nikaandika Subhash Kale, na katika safu ya sita nikaandika Mmaratha. Niliandika kwa mwandiko mzuri kuliko kawaida, nakumbuka. Baba akatoa kitu kidogo cha fedha kutoka kwenye fundo la nguo, sura ya mungu wao wa kike, akaniapisha juu yake: sitamwambia mtu yeyote mpaka nife. Nikaapa. Mimi, ambaye nilikuwa nimesoma sarufi ya Kisanskriti miaka sita, niliapa juu ya fundo la nguo la mwindaji.

Mwezi huo huo familia ikahamia upande wa wakulima wa miwa, mbali na vibanda. Subhash alimaliza darasa la kumi. Akawa mpimaji mizigo katika kiwanda cha sukari. Kila mwaka siku ya Guru Purnima, wanafunzi wangu wa zamani wanapokuja kugusa miguu yangu, yeye alikuja na nazi, akasimama langoni. Hakuingia ndani. Nikimtikisia kichwa kumwitikia, anaiweka nazi juu ya ukuta, anaondoka. Miaka hamsini. Alifariki Februari ya mwaka juzi.

Na mimi Juni 17 nimetia saini kwamba hakuna uongo.

Juni 24

Mvua ya kwanza. Udongo umenuka vizuri kwa nusu saa.

Juni 28

Amekuja mwenyewe, Sunanda Kale, yule nesi. Ana miaka ishirini na saba, amevaa sare nyeupe, ametoka moja kwa moja kwenye zahanati. Aligusa miguu yangu, kisha akakaa sakafuni ingawa nilimwonyesha kiti.

"Guruji, babu alikuwa akikutaja kila siku. Guruji kasema hivi, Guruji hapendi vile. Sisi wajukuu tulikuwa tunakuogopa hata hatujakuona."

"Ulijua lini kuwa ninyi ni Wapardhi?"

"Siku ya tatu baada ya kumzika. Bibi alitukalisha chini, akasema, haya, sasa naweza kusema. Ndugu yake babu hakusoma, yeye na wanawe wana vyeti vya kabila. Nikaomba changu kwa karatasi zao, nikapata. Nikaomba kazi, nikapata. Sasa kamati inasema rejista ya babu ni ya zamani zaidi, kwa hiyo ndiyo yenye kweli." Akatoa barua. "Cheti kikifutwa, kazi imekwenda. Na nitashtakiwa kwa udanganyifu. Guruji, andika tu kwamba ulikosea."

"Sikukosea."

"Basi uliandika nini?"

Nilimwambia aende nyumbani, nitafikiri. Hilo ndilo nililomjibu binti ambaye maisha yake yako kwenye mstari wangu mmoja. Alipoondoka niligundua kuwa nilikuwa nimeshika kalamu nyekundu na nilikuwa nimesahihisha makosa matatu katika barua ya kamati.

Julai 3

Wamepanda uwele na mbaazi. Mvua ndogo.

Julai 10

Vilasrao Dhumal, mwenyekiti wa kijiji, amekuja bila kuitwa. Nilimfundisha darasa la kwanza hadi la nne. Alikuwa akila chaki.

"Guruji, mambo mazito nayasikia. Eti yule binti wa Kale kaja hapa kukulilia?"

"Hakulia."

"Afadhali. Maana wale wakilia, ujue mfuko wako umeshafunguliwa." Akacheka peke yake. "Subhash tumekaa naye benchi moja, Guruji. Miaka minne! Kala kwetu, mama kampakulia. Mpaka juzi sikujua."

Alisema hivyo kama mtu aliyeibiwa.

"Alichokula ameshakilipia kwa kazi," nilimwambia. "Sema ulichokuja kusema."

"Haya. Nyumba arobaini na moja hapa kijijini zimepata cheti cha Kunbi kwa mwandiko wako. Serikali imetenga nafasi za Wakunbi, na ushahidi wetu ni rejista yako tu, hatuna kingine. Mwanangu ni karani wa ardhi kwa cheti hicho. Sasa wewe ukisimama mbele ya kamati ukasema, nilimwandika mmoja uongo, wakili yeyote atauliza: na wa pili je? Na wa arobaini je?"

"Yenu ni kweli. Niliwaandika Wakunbi, tabaka la wakulima, kwa sababu baba zenu walisema hivyo na kijiji kizima kilijua."

"Sisi tunajua! Nani mwingine ataamini, ukishajiita mwongo?" Akanisogelea. "Msichana mmoja, Guruji. Na tena wale."

"Wale nani?"

"Ah, Guruji. Wewe unawajua wale."

Alipoondoka Kunda alisema kwamba Vilasrao hana adabu lakini hesabu yake ni sahihi. Kunda ana ndugu mwenye cheti cha Kunbi.

Julai 14

Mvua kutwa.

Julai 21

Guru Purnima. Wamekuja wanafunzi kumi na tisa. Mwaka jana walikuja thelathini na nne. Vilasrao hakuja. Mvua ilikuwa kubwa hata wageni walivua viatu barazani vikaelea.

Saa sita na robo mchana niliinua macho, nikamwona Subhash langoni. Alisimama pale pale alipokuwa akisimama. Mvua ilikuwa ikimpiga na shati lake lilikuwa kavu. Mikono ilikuwa mitupu. Alinitazama, akingojea nimtikisie kichwa kama kila mwaka.

Sikutikisa. Sikujua ningekuwa nimekubali nini.

Nilimuuliza Kunda nani yuko langoni. Akasema, "Hakuna mtu, Baba. Ni mvua."

Julai 22

Mimi si mtu wa ushirikina. Niliwachapa watoto waliosema wameona mashetani kisimani. Naandika nilichokiona, kama ninavyoandika mvua.

Agosti 1

Siku kumi bila jua. Paa linavuja katika sehemu mbili. Kuta zimeota ukungu wa kijani hadi kimo cha goti. Uwele unaoza mashambani.

Mchana nina desturi ya kupitisha mahudhurio kichwani ili nipate usingizi mfupi. Nachagua mwaka, nasoma majina kwa namba. Leo nilichagua 1963 bila kukusudia. Nilipofika arobaini na sita nilitaka kuacha. Midomo ikaendelea yenyewe. Arobaini na saba.

"Nipo, Guruji."

Ilikuwa sauti ya mtu mzima, karibu na dirisha, ya mtu mwenye mafua. Nilikaa kitako mpaka Kunda akaja kuwasha taa.

Agosti 2

Nimebadilisha. Sasa nahesabu mihimili ya dari.

Agosti 12

Nimekwenda mjini, upande wa kiwanda cha sukari, kumwona mjane wa Subhash. Anaitwa Zumbarbai. Anaishi katika vyumba viwili pamoja na Sunanda. Ukutani kuna kalenda kubwa ya benki. Upepo ulipoiinua niliona nyuma yake fundo la nguo limening'inia kwenye msumari. Alijua kuwa nimeliona.

"Umezeeka, Guruji. Nilidhani walimu hawazeeki, wanakauka tu."

"Nimekauka pia."

"Kaa. Chai yangu utakunywa, au utasema una kisukari?"

Nilikunywa. Nilimwambia kila kitu: saini, lango, sauti. Sikutarajia kumwambia. Alinisikiliza akichambua mchele.

"Kwako anakuja?" alisema mwishoni. "Kwangu hajaja hata siku moja. Miaka arobaini na minane nimempikia, anakwenda kusimama kwenye lango la mwalimu. Haya. Wewe ndiye uliyemzaa."

"Anataka niseme kweli."

Aliacha mchele. "Nani kakwambia? Yule mtu alipiga marufuku lugha yetu humu ndani. Mwanangu akisema neno moja la kwetu, kofi. Ndoto ndizo zilizomshinda. Alikuwa akiota kwa lugha ya kwetu, analia, anaita mama yake, halafu asubuhi ananiuliza, Zumbar, nilisema kitu? Namwambia, umekoroma tu. Nyumba nne tumehama kwa sababu mtu alimtazama vibaya sokoni. Alipokuwa anakufa aliniapisha. Alisema, nizikeni nilivyoandikwa."

"Nawe ukawaambia wajukuu siku ya tatu."

"Nikawaambia. Kwa sababu yeye ameshamaliza kuogopa, na Sunanda alikuwa na diploma na hana kazi miaka mitatu. Nimevunja kiapo, sijutii. Lakini usijidanganye, Guruji. Hakuja kukuomba useme. Amekuja kukulinda usifungue mdomo."

Nilirudi kwa basi la saa kumi. Maji yalikuwa yamefika juu ya daraja la kijito na abiria tulishuka tukavuka kwa miguu, tumeshikana mikono. Ng'ambo, pale palipokuwa na vibanda, sasa kuna shamba la miwa. Subhash alikuwa amesimama kwenye ukingo wake. Safari hii hakungoja nimtikisie kichwa. Yeye ndiye aliyetikisa chake, pole pole, kulia na kushoto.

Agosti 13

Homa.

Agosti 19

Nimeandika kiapo cha maandishi kwa kamati. Nimekichana.

Agosti 27

Mwanangu Avinash amepiga simu kutoka Pune. Kunda amemwambia.

"Baba, kughushi rejista ya serikali ni kosa la jinai. Umewaza pensheni?"

"Nimewaza."

"Basi kaa kimya. Binti atafute wakili, aende Mahakama Kuu. Watu wanashinda huko."

"Wanashinda wakiwa na nini mkononi?"

"Baba, sitaki kubishana nawe. Ulinifundisha kuwa rejista ni amana."

Ni kweli, nilimfundisha hivyo. Pia niliwahi kumchapa kwa kuongeza umri wake katika fomu ya mchezo wa kabadi. Alikuwa na miaka kumi na mmoja.

Usiku wa leo nimeandika tena kiapo. Sikukichana.

Septemba 2

Sikukuu ya mafahali. Kila mwaka wakulima huleta mafahali wao mlangoni kwangu, pembe zimepakwa rangi, nami nawapa ngano na sukari guru. Kunda alipika sinia nzima. Mafahali walipita wote, kengele zikilia, hawakugeuzwa kwangu hata mmoja. Sinia tumewapa mbwa.

Septemba 7

Sanamu ya mungu Ganpati imeletwa nyumbani kwa sikukuu yake. Jirani hakuja kuimba.

Septemba 16

Mvua imepungua. Mbaazi huenda zikapona.

Septemba 24

Tupo katika majuma mawili ya wafu. Asubuhi niliweka wali juu ya ukuta kwa ajili ya baba na mama yangu, na kunguru, wanaokula kwa niaba ya wafu, wakala mara moja. Nikaweka tonge la tatu, bila jina. Hakuna aliyeligusa. Kisha nikapanda gari aliloazima Sunanda, tukaenda kwenye kikao cha kamati. Zumbarbai alikaa mbele, fundo la nguo mapajani chini ya sari.

Ofisi iko ghorofa ya tatu. Wajumbe ni watatu. Mwenyekiti ni mwanamke mwenye nywele fupi na mafua. Umbarkar alikuwapo na kitambaa chake chekundu. Aliponiona alitabasamu, akidhani nimekuja kuthibitisha.

Nilisema nilichokiandika Juni 20, kwa mpangilio ule ule. Hakuna aliyenikatiza. Nilipomaliza mwenyekiti alipenga kamasi, akachukua karatasi yenye saini yangu.

"Guruji, mimi ni mtu wa kawaida, nieleweshe. Wewe ulikuwa mwongo lini? Mwaka 1963, au mwezi wa sita mwaka huu, au leo?"

"Mara mbili za kwanza."

"Na ile ya mwezi wa sita ilikuwa ya nini? Ya kumlinda nani?"

"Hakuna niliyemlinda. Nilisifiwa mwandiko."

Mjumbe mmoja alicheka, akaona mwenyekiti hacheki, akaacha.

"Nataka liandikwe lote," nilisema. "Kwamba nilijua sheria, kwamba hakuna aliyenilazimisha, na kwamba niliandika uongo kwa hiari."

"Tunaandika, Guruji. Polepole."

Kisha wakamgeukia Sunanda. Mtafiti wao alimuuliza maneno ya lugha ya Kipardhi. Maji alijua. Moto alijua. Mtego hakujua, wala kwale. Umbarkar akasema, "Mpardhi asiyejua mtego!" Sunanda alisema, "Nilipigwa kofi kwa kusema hayo mawili niliyoyajua." Wakamuuliza jinsi sura ya mungu wa nyumbani kwao inavyotolewa na kuoshwa.

"Sijui."

"Hujawahi kuigusa?"

"Nani? Mimi? Wanawake hatugusi. Bibi hapo kaibeba kwa sababu hakuna mwanamume aliyebaki nyumbani, na tangu asubuhi anaomba msamaha njia nzima."

Mtafiti aliinua uso kutoka kwenye karatasi zake. Zumbarbai naye, aliyekuwa kimya, alianza kumkaripia mjukuu wake kwa lugha yao, kwa kasi, nadhani kwa kutaja jambo la ndani mbele ya watu. Ilidumu dakika nzima. Sikuelewa neno. Mtafiti alikuwa anaandika haraka na anatabasamu.

"Jambo la mwisho, binti," mwenyekiti alisema. "Mmeishi kama Wamaratha miaka sitini. Mlibaguliwa wapi hata mdai nafasi hii?"

Sunanda alifikiri. "Babu hakuwahi kumwalika mtu nyumbani. Hata harusi ya baba. Tulikuwa tunajua kufungasha nyumba nzima kwa saa mbili. Nilidhani watu wote wanajua."

Tulikuwa tunasimama kuondoka mwenyekiti aliponiita.

"Guruji, bado uko kwenye kiapo. Kulikuwa na wengine?"

Sikuwa nimejiandaa kwa swali hilo. Niliangalia mezani, kwenye rejista yangu iliyofunguliwa. Mwandiko ulikuwa mzuri sana.

"Wawili."

"Majina?"

Sikuyataja. Alinitazama kwa muda, akafunga kalamu yake. "Hawahusiki na shauri hili. Tuendelee."

Lakini neno wawili liliandikwa. Nililiona likiandikwa.

Septemba 25

Lango liko tupu. Nimelitazama kutwa.

Septemba 26

Tupu. Nilipitisha mahudhurio ya 1963 kwa sauti, makusudi, mpaka mwisho. Arobaini na saba haikujibiwa. Nilidhani ningepata nafuu.

Oktoba 2

Siku ya mwisho ya wafu. Tonge la tatu limeliwa na sisimizi.

Oktoba 14

Uamuzi umefika. Sunanda alinisomea kwa simu. Cheti chake ni halali. Maneno ya mwaka 1963 hayatazingatiwa, kwa kuwa mwandishi wake amekiri kuwa ni ya uongo. Kazi ni yake. Nilimwambia asome tena aya ya mwisho, akasoma: kila ingizo lingine la rejista hiyo litahitaji kuungwa mkono na ushahidi wa pili.

Jioni jiwe limegonga mlango. Moja tu, si kubwa. Kunda amefunga mizigo, anakwenda Pune kwa mwezi mmoja. Alinigusa miguu kabla ya kuondoka. "Baba, sina hasira nawe," alisema. "Ila ndugu yangu anayo, na mimi ni dada yake."

Oktoba 19

Sunanda amekuja na pakiti ya pipi za maziwa. Nilimpongeza. Alikaa kwenye kiti safari hii, akageuza pakiti mkononi bila kuifungua.

"Nakala ya uamuzi imebandikwa zahanati. Ndiyo utaratibu, wanasema."

"Na?"

"Hamna kitu, Guruji. Daktari kanipongeza. Kabati la dawa sasa lina kufuli mpya, ufunguo anao yeye. Kina mama wa upande wa juu wakija kuchomwa sindano wanauliza, yule sista mwingine yupo?" Akacheka kidogo. "Na juzi askari alikuja kumuuliza bibi, kaka yangu alikuwa wapi Jumapili. Kaka yangu yuko Mumbai mwaka wa nane sasa, anaendesha lifti."

"Nimekufanyia nini, mwanangu?"

"Umenipa kazi," alisema. "Siirudishi. Mshahara umeingia leo asubuhi na bibi amelala bila kuniuliza kesho tutakula nini. Usinitazame hivyo, Guruji. Mimi ndiye niliyeomba."

Baada ya kwenda kwake nilikaa barazani. Niliwaza kwamba Subhash aliishi miaka sitini akijua hasa kile ambacho mimi na binti huyu tumejifunza kwa siku tano, na kwamba kule ukingoni mwa miwa alinieleza waziwazi.

Oktoba 23

Anga safi. Wanavuna kilichobaki.

Saa nne asubuhi amekuja askari wa kituo chetu, Machhindra. Baba yake alikuwa mwanafunzi wangu. Alivua kofia, akagusa miguu yangu, akakubali maji.

"Guruji, mashine tatu za pampu zimeibwa visimani kule chini. Umesikia?"

"Nimesikia."

"Sasa bosi kasoma ile nakala ya kamati. Eti ulisema wapo wengine wawili uliowaandika namna ile. Watoto na wajukuu wao watakuwa wapo wapo tu humu, tunasalimiana nao na hatujui." Alitoa daftari dogo, akalifungua juu ya goti. "Nitajie tu majina, Guruji. Hakuna ubaya. Ni kumbukumbu ya kituo."

"Sikumbuki."

Alicheka kwa heshima. "Guruji, wewe? Baba anasema mpaka leo unawataja watoto wa kila mwaka kwa namba."

"Nina miaka themanini na minne. Daktari ameniambia niandike kila siku kwa sababu nasahau. Nimewaza tangu siku ile ya kikao, hayaji."

"Hata jina la baba? Hata upande wa kijiji?"

"Hayaji, mwanangu."

Alinitazama, kisha akaandika. Aliandika vibaya, herufi zimelala, na nilimwacha. Aligusa miguu yangu tena, akavaa kofia, akaniomba nikikumbuka nimpigie. Nilisema nitampigia.

Nawakumbuka wote wawili. Nakumbuka namba zao, baba zao, na walipokuwa wakikaa darasani. Mmoja bado yu hai. Nimemdanganya askari wa serikali mchana kweupe, nikiwa na akili timamu, na majina hayo siyaandiki hata humu.